Mgeni wa Mali Jikoni Kwetu Mabela

Nilipoomba kazi kwenye kampuni inayoandaa hafla hapa Muscat, fomu ilikuwa na mstari wa lugha. Nikaandika Kiarabu, Kiswahili na Kiingereza. Nafasi ikabaki. Nikaongeza Kifaransa.

Sikusema uongo mtupu. Mama yangu kazaliwa Bujumbura, kwa wazazi waliotoka Unguja kwenda huko kuuza nguo, na skuli alisomeshwa na masista wa Kizungu. Kifaransa chake kimenyooka mpaka leo. Sisi watoto tuliozaliwa huku Oman tulibahatika kupata kile cha kugombezwa tu: vua viatu, funga mlango, nani kamaliza maziwa. Hicho ndicho nilichokiandika kwenye fomu.

Miaka miwili ikapita hakuna aliyekihitaji. Kisha asubuhi moja bosi wangu akaniita ofisini kwake. Ni mwanamke wa Kiomani, mpole, husema kwa sauti ya chini hata akikasirika. Alikuwa amemwalika mwimbaji kutoka Mali kuja kuimba katika hafla ya wanawake, na mwimbaji huyo hajui Kiingereza, na Kiarabu chake ni kile cha kusalia.

"Wewe ndiye mwenye Kifaransa," akasema. "Utampokea Jumatano, utakaa naye mpaka Jumamosi, na jukwaani utamfasiria."

Nikamwambia hakuna tabu. Nikaenda chooni kumpigia simu mama.

"Uliwaambia unajua Kifaransa?" mama akauliza.

"Niliandika."

"Ungeandika na Kichina basi," akasema, na alivyocheka ikabidi niiweke simu mbali na sikio.

Mwimbaji alifika kwa ndege ya asubuhi, nami nikaruhusiwa kuingia ndani kumpokea. Alikuwa mrefu, umri kama wa mama yangu, miaka sitini na kitu, na gauni lake pana lilikuwa la buluu iliyokolea. Kwenye kigari chake mlikuwa na begi dogo na kitu kikubwa cha mviringo kilichofungwa kwa kitenge. Afisa wa forodha akataka kifunguliwe. Kikatoka nusu ya kibuyu, kipana kama sinia la biriani, kimeng'aa kwa kushikwashikwa.

"Hiki nini?" afisa akaniuliza.

Nikamwuliza mgeni. Akanijibu neno nisilolijua. Nikamwambia afisa ni ngoma. Akakigeuza juu chini, akaniangalia. "Ngoma gani hii haina ngozi?"

Mgeni hakungoja nifasiri. Alikunja mtandio wake, akauweka juu ya kaunta, akakifudikiza kibuyu juu yake, akavaa pete za chuma vidoleni. Akaanza kukipiga, mara kwa kiganja, mara kwa vidole. Chini ulitoka mlio mzito, kama mtu anabisha mlango wa nyumba kubwa, na juu yake pete zikigongagonga haraka haraka. Watu waliokuwa nyuma yetu wakaacha kusukuma mabegi yao. Afisa alimwacha apige mpaka amalize, kisha akakibeba kibuyu mwenyewe mpaka kwenye kigari, akaniambia, "Mwambie karibu Oman."

Hilo niliweza kulifasiri.

Garini ndiko nilikoumbuka. Tulikuwa tunaelekea hotelini, upande wa Bustan, naye akawa ananiuliza mambo taratibu, kwa huruma, maana alishaona hali yangu. Nilifahamu kwamba anataka kujua nani watakaokuja kumsikiliza. Nikamwambia ni wanawake waliopewa kadi za mwaliko. Akasema maneno marefu, ndani yake nikaokota "kupika" na "mlango" tu. Nikaingia kituo cha petroli, nikasimamisha gari, nikampigia mama na kuiweka simu kwenye spika.

Wakaamkiana. Wakaulizana magoti, watoto, wajukuu. Mama akasimulia Bujumbura, mgeni akasimulia kwao. Dakika kumi nzima mimi nimekaa nimeshika usukani wa gari iliyosimama, kama dereva wao.

"Mama, amesema nini kuhusu mlango?" nikauliza mwishowe.

"Anasema siku hiyo watakuwepo watu watakaopika na kupakua na kuosha vikombe. Anataka kujua wataingia kusikiliza au watabaki nje ya mlango. Yeye haimbi pahala ambapo hao wamebaki nje."

"Sijui mimi."

"Muulize bosi wako. Na kesho mlete kwangu ale chakula cha mchana. Nnataka kumwona."

Kwetu ni Mabela, pembeni mwa Muscat, nyumba ya ghorofa moja, tunakaa mimi, mama na msichana wa Uganda aliyekuwa akitufanyia kazi za nyumba. Alikuwa na miaka ishirini na sita, na kwetu alikuwa ameshakaa miaka mitatu. Babake alikuwa askari, akalelewa kambini, na huko ndiko alikojifunza Kiswahili. Kwa ajili hiyo mama alimchagua yeye. Akimwita mama "mama" na mimi "dada". Tukila naye sahani moja. Siku ya Idi mama alimkatia gauni kama sisi, na Krismasi alimnunulia keki, maana yeye Mkristo. Nnayasema haya kwa sababu mpaka Alhamisi hiyo, kama ungetuuliza, tungekwambia kwa dhati kwamba hatuna la kulaumiwa.

Mgeni alikuja na kibuyu chake. Yeye na mama walishikana mikono mlangoni wakakawia kuachana. Tulikula wali wa nazi na kuku wa kupaka, na baada ya kula wakakaa majlisi, chumba chetu cha wageni, na kahawa, mgeni akasimulia, mama akawa ananifasiria mimi, mfasiri.

Kwao, akasema, wamezaliwa katika ukoo wa waimbaji. Kazi yao tangu zamani ni kuwasifu watu wakubwa kwenye harusi zao na mazishi yao. Mama yake alikuwa hivyo, na bibi yake. Yeye naye aliimba hivyo mpaka akawa mtu mzima mwenye watoto. Siku moja aliitwa kwenye harusi, alipomwona bibi harusi akakuta ni mtoto wa miaka kumi na mitatu, mikono imepakwa hina, anauliza kama kesho atarudi shuleni.

"Nikawa nimesimama pale, kazi yangu ni kumsifu baba yake," akasema. "Nikamsifu. Sauti yote ya kifuani nimeitoa. Niliporudi nyumbani nikaumwa siku tatu."

Baada ya hapo hakuweza tena kuimba vile. Aliziacha nyimbo za sifa, akachukua nyimbo za kinuni, zile ambazo wanawake wa kijijini huimba wakitwanga mtama, na akaanza kuzitia maneno kuhusu mabinti wanaoozwa wadogo, wanawake wanaojifungua bila mkunga, wajane wanaonyang'anywa shamba. Mjomba wake hakumsalimu miaka mingi. Harusi zikaacha kumwita. Lakini wanawake walimwita wao, kijiji baada ya kijiji, wakikaa chini uani, na baadaye redio ikamwita, na baadaye nchi za watu.

"Na yule mtoto?" mama akauliza.

"Aliozwa. Mdogo wake hakuozwa. Baba yao alikuja mwenyewe kuniambia kwamba wimbo wangu umemzuia, akakasirika na huku analia. Mdogo wake sasa ni mkunga."

Mama akamjazia kahawa.

Jikoni msichana wetu alikuwa ameshamaliza vyombo na kuanza kutwanga vitunguu thomu na tangawizi za kesho. Kesho ilikuwa Ijumaa, na Ijumaa kwetu huja kaka zangu watatu na wake zao na watoto wao, watu ishirini bila mgeni. Kinu chetu ni kidogo, cha shaba, mama alikuja nacho kutoka Bujumbura. Mlio ulikuwa unatufikia majlisi na sisi hatukuusikia, kama vile usivyosikia friji. Mgeni alinyanyua kidole.

"Nani huyo?" akauliza.

"Ni mwanangu wa jikoni," mama akasema.

Mgeni akainuka, akachukua kibuyu, akaenda jikoni, nasi tukamfuata. Alikaa juu ya sakafu, akakifudikiza kibuyu juu ya taulo la vyombo, akaingia katikati ya mapigo ya kinu. Msichana akasita. Mgeni akamwashiria aendelee. Akaendelea, kwanza kwa haya, kisha kinu na kibuyu vikashikana, na jikoni kwetu pakawa na ngoma saa nane ya mchana. Mama, ambaye goti lake moja halikunjiki, akawa anapiga makofi kwa kuegemea friji. Msichana akaanza kuimba kwa Kiganda, sauti nyembamba, safi. Miaka mitatu yuko kwetu na sijawahi kumsikia akiimba kwa sauti.

Alipomaliza, mgeni akasema kitu na mama akamrudishia msichana kwa Kiswahili. "Anasema kwao wimbo wa kinuni ndio pahala pa mwanamke kusema lake. Ukisema ukiwa umekaa, ni utovu wa adabu. Ukisema ukitwanga, ni wimbo, na mwenye nyumba hana ruhusa ya kukasirika. Anataka uimbe tena, utie lako. Lakini uimbe kwa lugha ya nyumba hii. Kama nyumba haifahamu, haina faida."

Msichana aliangalia mchi. Akamwangalia mama.

"Imba, mwanangu," mama akasema.

Akatwanga mara tatu, nne. Kisha akaimba, kwa Kiswahili chake cha kambini:

*Ijumaa ya wenzangu ina jua na viatu,*
*Ijumaa yangu mimi ina sahani.*
*Wenzangu wanasukana nywele,*
*mimi nasuka povu.*

Akarudia mara mbili. Mara ya pili hakuwa anaangalia mchi.

Kibuyu kikasimama. Mgeni akanigeukia mimi, mfasiri aliyelipwa kwa kazi hiyo, akasubiri.

Nikaanza kumwambia kwamba ni wimbo kuhusu Ijumaa, siku yetu ya kukutana familia, siku ya furaha. Yote hayo nilikuwa na maneno yake. Mama akanishika mkono. Akamfasiria mwenyewe, mstari kwa mstari, kwa Kifaransa kile cha masista, na sahani akaitaja na povu akalitaja, na hakuna alichokipunguza. Uso ulimwiva mama yangu.

Kisha akamgeukia msichana. "Miaka mitatu. Mbona hukuniambia?"

"Nilikwambia, mama. Mwaka wa kwanza. Ukasema tutaona."

Mama alikaa juu ya kiti cha jikoni. Nilimwona anatafuta siku hiyo kichwani, na nikaona alipoipata.

"Kweli," akasema. "Nilisema." Akajifuta uso kwa upindo wa mtandio. "Basi tumeshaona. Kesho unakwenda wapi?"

"Kesho, mama? Si watu wanakuja?"

"Watakuja na mikono yao. Nnakuuliza unakwenda wapi."

Msichana akaanza kucheka, akaziba mdomo kwa mkono wenye thomu, macho yakamwasha, akalia na kucheka pamoja. Mgeni hakuomba tafsiri. Alikipiga kibuyu.

Ijumaa msichana wetu alikwenda mtaa wa Hamriya, ambako Waganda wenzake wanne wamepanga chumba cha kupumzikia siku zao za mapumziko, juu ya duka la mashuka. Niliwapeleka mimi, yeye na mgeni, maana mgeni alisema hakuja Oman kulala hotelini. Wanawake wale waliposikia ni nani wakakunja magodoro kupata pa kukaa. Walikuwa na chai ya maziwa na chapati. Mmoja alikuwa anasukwa nywele na wawili, mwingine anaongea na mtoto wake kwenye simu, akamwonyesha mtoto ule uso wa mgeni. Hawakuwa na Kifaransa hata chembe, na mimi ndiye niliyekuwepo, kwa hiyo walifahamiana kwa mikono. Mgeni aliwaimbia, wakamwimbia, na kila mmoja akatia lake, msichana wetu akinifasiria mimi. Mmoja aliimba kuhusu madam wake anayemwita kwa kengele, akaiga kengele, wakaanguka kwa kicheko. Mwingine alimsifu madam wake, ambaye alimlipia mdogo wake matibabu, na hilo nalo mgeni alilipigia kibuyu vilevile. Walimsuka mgeni nywele zake za mvi, na alipotoka pale alikuwa kijana wa miaka arobaini.

Nyumbani Mabela nilikuta kaka yangu mkubwa, mkurugenzi katika idara ya serikali, amekunja mikono ya kanzu yake anaosha sufuria. Wali ulikuwa umeungua upande mmoja na mbichi upande wa pili. Mama alikuwa amekaa mlangoni mwa jikoni kwenye kiti, anaamrisha.

"Hata mawifi zako wamecheka," akaniambia kwa furaha. "Hawakujua kama ana mikono."

Jumamosi, baada ya swala ya alasiri, ukumbi ulijaa. Nilikuwa nimemwambia bosi wangu sharti la mgeni tangu Jumatano, na yeye, kwa sauti yake ile ya chini, alikuwa amejibu kwamba chai itolewe kabla, kisha milango ifunguliwe. Kwa hiyo wale wasichana wa trei, Waganda na Wafilipino na Wahindi, waliingia wakasimama kando ya ukuta, na bosi akaagiza viti. Wawili wa Hamriya waliopata ruhusa walikuja wakakaa safu ya tatu, pamoja na mama na msichana wetu, ambaye alivaa gauni lake la Idi.

Nilipanda jukwaani nyuma ya mgeni. Wimbo wa kwanza haukuhitaji maneno. Sauti yake pale ukumbini haikuwa ile ya jikoni. Ilianza chini kama ya mwanamume na ikapanda polepole mpaka ukahisi shingo inakuinuka nayo. Alipoumaliza akaongea, akanitazama. Nikafasiri kwa Kiarabu: wimbo ujao ni wa wanawake wanaotwanga mtama asubuhi na mapema.

"Siyo asubuhi na mapema," ikatoka sauti safu ya tatu, kwa Kiswahili. "Kabla ya alfajiri. Tena kasema wana mimba."

Nusu ya ukumbi, wale wenye asili ya Unguja kama sisi, wanaojua Kiswahili, wakacheka. Nikasahihisha. Nikaendelea. Sentensi mbili mbele, sauti ikaja tena: "Hapana, mwanangu. Kasema shamba, hakusema uwanja."

Mara ya tatu mwimbaji mwenyewe aliweka mkono kifuani, akacheka, akamwita mama jukwaani kwa kidole. Mama alikataa kwa kichwa huku ameshasimama. Kaka zangu, kwa bahati nzuri, hawakuwepo, maana hafla ilikuwa ya wanawake, lakini nnajua wangefunika nyuso. Mama alipanda na goti lake lile, nikampa kipaza sauti, nikaenda kukaa kwenye kiti chake. Sijawahi kupoteza kazi kwa raha kama siku ile.

Alifasiri vizuri kuliko nilivyotegemea. Kila wimbo aliueleza kwa Kiarabu na Kiswahili, na ulipofika wimbo wa mtoto mwenye hina anayeuliza habari za shule, aliueleza wote mpaka mwisho. Bibi mmoja mbele yangu, amevaa abaya ya hariri, alimwambia jirani yake, "Mimi niliozwa nina miaka kumi na minne." Jirani akamshika mkono. Wimbo wa mwisho ulikuwa wa kupiga makofi, na yule bibi alikuwa wa kwanza kusimama. Wakasimama wote, wa viti na wa ukutani, vigelegele vya Kiomani na vya Kiganda vikachanganyika, na msichana wetu alikuwa katikati ya njia anacheza na mtu asiyemjua.

Bosi wangu aliniita Jumapili. Nilidhani ananifukuza. Akaniambia nijiandikishe darasa la Kifaransa, kampuni italipa, na akaniuliza namba ya simu ya mama.

Mgeni alirudi kwao. Yeye na mama hutumiana sauti kwenye simu, ndefu kama hotuba, na mama huzisikiliza akikaanga vitunguu. Msichana wetu bado yuko nasi, na Ijumaa hayupo. Kaka zangu wamegawana zamu za vyombo.

Mama hakuishia kwake. Alianza kuwauliza jirani zake, kwenye kahawa ya asubuhi, wasichana wao wanapumzika lini. Wengine walimjibu, wengine walibadilisha mazungumzo. Mmoja, rafiki yake tangu tulipohamia Mabela, alikasirika khasa, akasema mama anataka kuwaharibia watu nyumba zao, na mwezi mzima hakukanyaga kwetu. Mama alihuzunika lakini hakumfuata kumwomba radhi.

Kisha asubuhi moja jirani huyo akaja, amebeba haluwa kwenye bakuli lenye mfuniko. Nikamfungulia. Akakaa pahala pake pa siku zote, akapokea kikombe, akanywa kidogo.

"Yule wangu nimempa Jumamosi," akasema. "Ijumaa siwezi, nnakwambia kweli. Siwezi."

"Jumamosi nzuri," mama akasema, akaifunua haluwa, wakaanza kuzungumza habari za sukari zao kupanda.